Rododendroni au azalea kwa kiwanja kidogo London?

MamaTatu (London)
Hamjambo humu? Nyuma ya nyumba nina kiwanja kidogo, jua linaingia asubuhi tu. Udongo ni mfinyanzi, nimeupima uchachu nikapata pH 7.5. Nataka kichaka cha maua: nipande rododendroni au azalea?

Shomari_Glasgow
Dada, hizo ni ukoo mmoja. Wataalamu wa mimea huziweka azalea ndani ya jenasi (kundi) ya Rhododendron. Azalea nyingi zina stameni (nyuzi za chavua) tano kwa kila ua, rododendroni kumi au zaidi. Adui yako ni chokaa, maana inapandisha pH, na zote zinataka udongo wa asidi, pH ya 4.5 hadi 6. Huku kwetu maji ya bomba yanatoka ziwa la Loch Katrine, ni laini (hayana chokaa nyingi), tunapanda ardhini bila wasiwasi. Wewe tumia chungu.

MamaTatu
Dukani wanasema nichanganye salfa tu ardhini.

BibiBustani (Surrey)
Salfa inasubiri bakteria wa udongoni waigeuze kuwa asidi, kazi ya miezi. Na kama udongo una chokaa yake ya asili, pH itapanda tena. Chungu, mwanangu, na mboji isiyo na chokaa.

Kwa nafasi yako ningechukua azalea ya Kijapani: fupi, haibaki uchi majira ya baridi. Ukishikilia rododendroni, tafuta chotara za aina ya yakushimanum, zinakua polepole. Azalea ya manjano, luteum, inanukia vizuri mno lakini inatanuka.

Mizizi yao ni myembamba, iko juujuu. Usizike shina, usichokoechokoe kwa jembe, tandaza magome ya msonobari. Maji ya bomba ya London yana chokaa, kwa hiyo kusanya maji ya mvua. Majani yakiwa manjano huku mishipa ikibaki kijani, ujue chokaa imeingia. Na Agosti usiache chungu kikauke, ndipo matumba ya mwakani yanapojitengeneza. Kupogoa ni mara tu maua yanapoisha. Ukichelewa unakata maua ya mwakani.

BintiTigoni
Huku Tigoni, Kenya, kwenye mashamba ya chai, azalea tunazichomeka ardhini tu, udongo unaoifaa chai unazifaa nazo. Ila mbuzi wakae mbali! Majani yana sumu, hata mbwa anaweza kufa.

Shomari_Glasgow
Rododendroni aina ya ponticum usiiguse kabisa. Imevamia misitu ya Scotland, chini yake hakioti kitu.

MamaTatu
Basi ni ya Kijapani. Chungu cha ukubwa gani?

BibiBustani (Surrey)
Kipana kuliko kirefu, chenye matundu. Na pipa la mvua nunua kwanza.