Kusomea uendeshaji wa makumbusho ya sanaa au kuanza kazi kwenye jumba la maonyesho: ipi bora?

Mwana wa Pangani
Ndugu wanajukwaa, salaam. Natakiwa kutoa jibu sehemu mbili kabla mwezi huu haujaisha. Nimepata nafasi ya shahada ya uzamili ya uendeshaji wa makumbusho katika chuo kimoja cha Ulaya, na wakati huohuo jumba dogo la sanaa hapa Dar es Salaam limenipa kazi ya msaidizi wa msimamizi wa maonyesho. Lengo langu ni kuja kuongoza makumbusho ya sanaa. Wenye uzoefu, njia ipi itanifikisha? Nawasilisha.

Bi Nyota
Mleta mada, umetuletea mizani bila mawe. Ada analipa nani? Shahada ya kwanza ulisomea nini? Mkataba wa hiyo kazi ni wa muda gani, na je, jumba lenyewe lina mkusanyiko wake, au hupokea picha za wasanii ambazo zikiuzwa huondoka, zisipouzwa hurudishwa? Mahali pasipo na mkusanyiko utajifunza kutundika na kuuza, lakini hutajifunza kutunza kitu kwa miaka thelathini.

Fundi Fremu
Mimi nasema kazi, na sihitaji kusubiri majibu hayo. Marehemu Okwui Enwezor wa Nigeria alisomea sayansi ya siasa Marekani na alikuwa mshairi kabla ya kuingia katika sanaa. Mwaka 1994 alianzisha Nka, jarida la sanaa ya kisasa ya Afrika, mwaka 2002 akaongoza Documenta 11, maonyesho makubwa ya sanaa ya kisasa kule Kassel, Ujerumani, Mwafrika wa kwanza kupewa jukumu hilo, na kuanzia 2011 akawa mkurugenzi wa Haus der Kunst, jumba la sanaa mjini Munich. Ni cheti gani cha uendeshaji wa makumbusho kilichomfikisha huko?

Mwalimu Kheri
Mkuu Fundi Fremu, mfano wako unakugeuka. Enwezor aliondoka Munich mwaka 2018, akiwa mgonjwa, huku taasisi ikiwa katika matatizo ya fedha na utawala, ingawa hapakuwa na mtu aliyetilia shaka jicho lake la maonyesho. Hizi ni kazi mbili ambazo watu huzichanganya kwa sababu mara nyingine huangukia mikononi mwa mtu mmoja: msimamizi wa maonyesho hushughulika na kazi za sanaa na waliozitengeneza, ilhali mkurugenzi hushughulika na bodi, wafadhili, mishahara, bima na paa linalovuja. Mtazameni marehemu Koyo Kouoh, mzaliwa wa Douala, aliyesomea biashara na benki Uswisi, akaanzisha kituo cha sanaa cha RAW Material Company mjini Dakar, na mwaka 2019 akapewa Zeitz MOCAA ya Cape Town, makumbusho ya sanaa yaliyofunguliwa mwaka 2017 ndani ya maghala ya zamani ya nafaka, ambayo mkurugenzi wake wa kwanza aliondoka mwaka uliofuata. Aliisimamisha imara nyumba hiyo kwanza, na mwaka 2022 akafungua maonyesho makubwa ya karne moja ya uchoraji wa watu weusi, ambayo baadaye yalisafiri hadi Basel na Brussels. Siamini kwamba elimu ile ya benki ilipotea bure.

Fundi Fremu
Mwalimu, na yeye pia hakusomea makumbusho. Umenisaidia.

Mjukuu wa Kinyozi
Naomba nieleze yaliyonikuta, kwa sababu yanagusa pande zote mbili. Niliwahi kuajiriwa mahali ambapo sitapataja, chini ya bosi mwenye shahada mbili nzuri. Tuliazima picha kumi na nne kwa mkusanyaji mmoja, na masanduku yakafika mchana wa masika, ufunguzi ukiwa kesho yake jioni. Utaratibu ni kuyaacha yamefungwa kwa muda wa saa ishirini na nne ili vilivyomo vizoee hewa ya chumba, kisha kila picha ikaguliwe, ipigwe picha mbele na nyuma, na hali yake iandikwe kabla haijagusa ukuta. Bosi alisema wageni hawaji kusoma taarifa za ukaguzi, nasi tukafungua yote palepale. Michoro mitatu ya karatasi ilianza kujikunja usiku uleule, na asubuhi ikawa na mawimbi kama bati. Hilo tungeweza kulisahihisha polepole, lakini wakati wa kurudisha, mwenye mali alionyesha tundu dogo la rangi iliyobanduka kwenye kona ya picha ya mafuta, lisilozidi ukucha wa kidole cha mwisho, akasema limetokea kwetu. Mimi nina hakika lilikuwapo tangu mwanzo, kwa kuwa nililiona nilipokuwa nikipanguza fremu, lakini sikuwa na karatasi wala picha ya kuthibitisha. Bima ilikataa. Tulilipa, na aliyekatwa mshahara hakuwa bosi. Kwa hiyo, mleta mada, popote utakapokwenda, uliza kwanza kama wana fomu ya ukaguzi na kama wanaijaza.

Mlamu
Pole sana, ndugu yangu. Mimi nina neno kuhusu jina la kazi. Kwa nini tunasema “msimamizi wa maonyesho” wakati tuna neno “mhifadhi”?

Bi Nyota
Kwa sababu mhifadhi, kwa Tanzania, mtu wa kawaida humwelewa kuwa askari wa wanyamapori. Nilipomwambia mjomba wangu kwamba naomba kazi ya uhifadhi, aliniuliza nimepangiwa mbuga gani. Halafu yule anayezuia rangi isibanduke, naye utamwita nani? Tukimpa kila mtu jina hilo moja, tangazo la kazi halitaeleweka.

Mlamu
Mjomba akieleweshwa ataelewa, dada. Lugha haiwezi kuachwa kwa sababu ya mjomba.

Mwana wa Pangani
Samahani kwa kuchelewa. Shahada yangu ya kwanza ni ya uhasibu. Ufadhili unagharamia nusu ya ada, nusu nyingine ni ya familia. Jumba halina mkusanyiko wake.

Mwalimu Kheri
Uhasibu! Ungelisema hilo tangu mwanzo tungeokoa nusu ya uzi huu. Kijana, fedha tayari unazijua, na upungufu wako uko kwenye kazi za sanaa zenyewe, kwa hiyo shahada ya uendeshaji itakurudisha darasani kusoma unachokijua kwa gharama ya familia. Nabadili msimamo wangu wa kutetea masomo: shika kazi.

Mlamu
Nami nauliza akishahitimu ataongoza makumbusho gani. Makumbusho ya Taifa pale mtaa wa Shaaban Robert hubeba zaidi akiolojia, historia na mila, na fahari yake ni fuvu la Zinjanthropus, kiumbe wa kale wa jamii ya binadamu. Nairobi kuna taasisi ya sanaa ya kisasa iliyoanzishwa na mchoraji Michael Armitage, lakini nafasi ya mkurugenzi ni moja. Mzee Elimo Njau, mzaliwa wa Kilimanjaro, alianzisha jumba la sanaa la Paa ya Paa mjini Nairobi mwaka 1965 bila kungoja tangazo la kazi, na hata baada ya moto wa mwaka 1997 kuteketeza kazi nyingi, hakupafunga.

Mjukuu wa Kinyozi
Moto huo nao ni hoja yangu. Mleta mada, jumba hilo lina vizima moto?

Mwana wa Pangani
Nimeona kimoja mlangoni. Nitawaandikia chuo niulize kama nafasi inaweza kuahirishwa mwaka mmoja.

Bi Nyota
Vizuri. Lakini muda wa mkataba wa kazi bado hujatuambia.