Naomba ushauri: siku tatu Mongolia na mwongozaji binafsi, hifadhi ya Hustai na kulala kwa wafugaji

BintiMonduli
Habari za wakati huu, wanajukwaa. Mwezi Agosti mwaka huu wa 2026 nitakuwa Ulaanbaatar kwa mkutano wa Umoja wa Mataifa wa kupambana na kuenea kwa jangwa, kwa kuwa mradi ninaofanyia kazi unahusu nyanda za malisho. Mkutano ukiisha nitabakiwa na siku tatu kabla ya ndege ya kurudi kupitia Istanbul. Mwongozaji mmoja wa huko ameniandalia safari ya binafsi: siku ya kwanza hifadhi ya Hustai kuwaona takhi, wale farasi wa mwituni, siku ya pili matuta ya mchanga ya Elsen Tasarkhai na kulala kwa familia ya wafugaji, siku ya tatu kurudi mjini.

Naomba kujua mambo machache. Koti la aina gani linatosha usiku wa Agosti? Je, kuna faida ya kulipia gari la peke yangu badala ya kujiunga na kundi? Choo kiko umbali gani kutoka kwenye ger, yaani hilo hema lao la manyoya ya kondoo? Na kama familia haina umeme, je, kuna namna ya kuhifadhi kitu kinachohitaji ubaridi?

DerevaWaNyanda
Dada, nimeendesha watalii mzunguko wa kaskazini kwa miaka 19, na kuhusu gari nakujibu bila kusita: lipia la peke yako. Katika gari la kundi, mwenye haraka ndiye anayetawala. Niliwahi kumshusha bonde la Ngorongoro bibi mmoja Mjerumani pamoja na watu watano wasiojuana naye. Yeye alitaka kumtazama mdudu anayeviringisha mavi ya nyati mpaka afike shimoni kwake. Wenzake walitaka simba. Tulimwacha mdudu akiwa bado njiani, na yule bibi hakusema neno tena mpaka lango la Lodoare. Hata hivyo sielewi mtu wa Monduli anavyolipa dola ili akawaone wafugaji. Toka nje asubuhi na mapema, utawaona bila kiingilio.

Mwalimu_Mstaafu
Ninaungana na Dereva katika hilo la mwisho. Fedha ya safari ya namna hiyo ingechangia lambo moja la kunyweshea mifugo, na jina lako lingetajwa kila kiangazi. Vijana wa leo mnasafiri mbali kutafuta picha.

AliyesomaHohhot
Ngoja nijibu kilichoulizwa. Nilisoma Hohhot, upande wa China, na mara mbili nilivuka kwa treni kwenda Ulaanbaatar wakati wa likizo. Agosti mchana utavaa shati, lakini usiku chukua koti la Arusha la mwezi wa saba na uongeze sweta chini yake. Mji wenyewe uko mita zipatazo 1,350 juu ya usawa wa bahari, karibu sawa na Arusha, kwa hiyo kifua hakitakusumbua.

Hustai iko takriban kilomita 100 magharibi ya mji. Fika alasiri, upumzike, kisha utoke jioni, kwa sababu mchana wa kiangazi takhi hupanda vilimani kukwepa joto na nzi, na hushuka mabondeni jua linapolegea. Utamtambua kwa shingo nene, manyoya ya shingo yaliyosimama kama brashi, na pua nyeupe kana kwamba ameitumbukiza kwenye unga. Alikuwa ametoweka kabisa porini. Wa mwisho walionekana kwenye jangwa la Gobi mwishoni mwa miaka ya 1960. Waliopo leo ni uzao wa farasi wachache waliobaki kwenye bustani za wanyama za Ulaya na kwingineko, na walianza kurudishwa Hustai mwaka 1992 kutoka Uholanzi. Mnyama wa huko anayefanana na panya buku, anayeitwa tarvaga, mtazame kwa mbali na usimle hata ukikaribishwa kwa heshima zote. Mwaka 2019 mume na mke wa magharibi ya nchi hiyo walikufa kwa tauni baada ya kula viungo vyake vibichi.

Ukifika kwa watu, usishuke garini kabla wenyeji hawajawashika mbwa. Msemo wa kubishia hodi huko ni "Nokhoi khor", yaani "shikeni mbwa", hata kama hakuna mbwa anayeonekana. Usikanyage kizingiti, usipite kati ya nguzo mbili za katikati, na usitupe takataka motoni. Mgeni hukaa upande wa magharibi, ambao ni kushoto kwako unapoingia, kwa kuwa mlango hutazama kusini. Pokea bakuli kwa mkono wa kulia, na chai yao ya maziwa utaikuta ina chumvi.

BintiMonduli
Nashukuru sana, kaka. Hata hivyo, suala la choo bado halijajibiwa. Ni hatua 30 au 100? Njia ina mwanga? Na mlango wa ger ni mfupi kiasi gani, mtu anainama au anaingia amesimama?

DerevaWaNyanda
Huyu dada anakwenda kukagua vyoo vya Mongolia kwa niaba ya Umoja wa Mataifa.

AliyesomaHohhot
Kambi za watalii zina vyoo vya kuvuta maji, vyenye taa. Kwa familia, choo ni shimo lenye mbao mbili na kuta za mbao, kimewekwa mbali makusudi. Mimi nilihesabu hatua zaidi ya 80, gizani, juu ya majani yenye umande. Mlangoni lazima mtu mzima ainame sana huku akinyanyua mguu kuvuka kizingiti.

Muuguzi_Zamu
Mimi ni muuguzi, na anayeuliza choo mara mbili na ubaridi mara moja sidhani kama anasafiri peke yake. Dada, nani anatumia insulini?

BintiMonduli
Ni mzee wangu. Ana miaka 76, ana kisukari, anajichoma sindano mara mbili kwa siku na anatembea kwa fimbo kwa sababu ya goti. Sikuandika mwanzoni kwa sababu nilijua mtaacha kujibu maswali yangu na kuanza kuniambia nimwache nyumbani.

Naomba mnielewe kabla ya kunihukumu. Mwaka 2009, ukame ulipotukausha, mzee alikuwa na ng'ombe 140 na akabakiwa na 11. Miaka mingi baadaye nilimsimulia kwamba katika msimu huohuo wa baridi wa 2009 kuelekea 2010, wafugaji wa Mongolia walipoteza mifugo zaidi ya milioni nane kwa kitu wanachokiita dzud: kiangazi kinakausha nyasi, kisha theluji na barafu vinaziba hata hizo zilizobaki, mnyama anakufa amesimama juu ya chakula asichoweza kukifikia. Mzee alinyamaza, kisha akauliza kama waliopona walianza tena kwa kondoo au kwa ng'ombe. Tangu siku hiyo hataki kitu kingine ila kukaa na mmoja wao na kumuuliza yeye mwenyewe. Farasi wa mwituni ni wa kwangu mimi. Wa kwake ni huyo mtu.

Isitoshe, tiketi yake nimekwisha kuilipa kwa akiba yangu, viza zote mbili zimetoka, na mwongozaji nimemtumia nusu ya malipo. Kwa hiyo sikuja kuuliza kama aende. Nauliza namna ya kumpeleka.

Mwalimu_Mstaafu
Nafuta neno la lambo. Lakini binti yangu, nusu ya malipo umeituma kabla ya kuuliza?

BintiMonduli
Shikamoo Mwalimu. Ndiyo, kwa sababu nafasi za Agosti zinajaa, na mwongozaji alipendekezwa na mwenzangu wa mkutano uliopita.

Muuguzi_Zamu
Basi tufanye kazi. Insulini iwe kwenye begi la mkononi, kamwe si kwenye mzigo wa tumboni mwa ndege, pamoja na barua ya daktari. Chupa inayotumika kwa kawaida hukaa wiki nne bila jokofu ikiwa haipati joto kali, hivyo kwa usiku mbili za Agosti shida yako si ubaridi. Chupa ya chai yenye maji ya kawaida, ikiwa kivulini, inatosha. Kilicho kigumu ni saa. Ulaanbaatar iko mbele yetu kwa saa tano, siku ya kwenda inafupika, na sindano ya jioni itagongana na ya asubuhi. Ratiba hiyo aipange daktari wake, si sisi hapa. Pili, wenyeji wakimkaribisha airag, yale maziwa ya farasi yaliyochachuka, ajue kwamba yana kilevi kidogo. Aonje, asishindane na wenyeji, na asinywe kabla ya kula. Tatu, choo cha usiku: nunua ndoo yenye mfuniko mjini na mwiweke ndani ya ger. Hakuna aibu.

DerevaWaNyanda
Kumbe ningeandika tofauti. Dada, futa matuta ya mchanga. Kutoka Hustai mpaka huko ni zaidi ya kilomita 150 nyingine, na goti la mzee halijali uzuri wa mchanga. Kwa kuwa gari ni lenu, mwambie mwongozaji atafute familia iliyo jirani na hifadhi, na siku nzima ya pili muipe familia hiyo.

AliyesomaHohhot
Naunga mkono, na ninaongeza sababu. Agosti ni msimu wa kukamua farasi, na hukamuliwa karibu kila baada ya saa mbili mchana kutwa. Watoto wao hufungwa kwenye kamba ndefu iliyotandazwa chini. Mtoto anafunguliwa, anapelekwa kwa mama anyonye kidogo mpaka maziwa yashuke, kisha anavutwa pembeni lakini anaachwa akimgusa mama ubavuni, na mkamuaji anapiga goti moja, ndoo juu ya goti lingine, mkono mmoja umezunguka mguu wa nyuma wa farasi. Mzee wa Monduli hatahitaji mkalimani hapo.

BintiMonduli
Ataniambia "ndama hutangulia", nina hakika. Amekuwa akibisha kwamba farasi hakamuliki.

Pima_Kwanza
Samahani kwa kuharibu mambo matamu. Nimepitia nyuzi za zamani za mleta mada. Novemba mwaka jana aliomba ushauri hapahapa kuhusu mirathi ya marehemu baba yake, na baadhi yetu tulimpa pole. Leo baba amefufuka, ana fimbo, na anakata tiketi ya Mongolia. Ninaomba wanajukwaa tuache kutoa machozi mpaka tuelezwe.

DerevaWaNyanda
Na mimi nilikwisha kuanza kumpenda huyo mzee.

Mwalimu_Mstaafu
Swali ni la haki. Ajibu.

BintiMonduli
Aliyefariki ni baba aliyenizaa. Huyu ni kaka yake mkubwa, aliyenilea tangu nikiwa darasa la tatu na aliyeuza fahali wawili ili niingie kidato cha tano. Nimemwita baba maisha yangu yote, na sikujua kwamba humu napaswa kuandika cheti cha kuzaliwa.

Pima_Kwanza
Kwetu pia baba mkubwa ni baba, kwa hiyo hilo nalipokea na ninaomba radhi. Lakini mzee aliyekuwa na ng'ombe 140 hakosi watoto wa kuwazaa. Wao wanasemaje?

BintiMonduli
Ana wana watatu.

Pima_Kwanza
Sikuuliza idadi.

BintiMonduli
Hawajui. Wanafahamu kwamba mwezi huo atakuja kwangu Dar es Salaam kupimwa macho. Ni yeye aliyesema wasiambiwe. Anasema akiwaambia, wataitisha kikao, kikao kitadai kikao kingine, na Agosti itapita. Mzee ana akili timamu, na sioni kwa nini mtu wa miaka 76 aombe ruhusa kwa watoto aliowafundisha kutembea.

Mwalimu_Mstaafu
Haombi ruhusa, anaaga. Hayo ni mambo mawili. Nina miaka 71 na wanangu wananiudhi kwa kunifuata hata dukani, lakini siwezi kuvuka mpaka wa nchi bila hata mmoja wao kujua.

DerevaWaNyanda
Ninamuelewa mzee. Baba yangu alitaka kuiona bahari, tukakaa vikao miaka minne. Hakuiona.

Muuguzi_Zamu
Pole sana, ndugu. Hata hivyo naomba niwe mkavu kidogo. Hustai ni kilomita 100 kutoka hospitali kubwa, na familia ya wafugaji inaweza kuwa mbali zaidi. Sukari ikishuka saa nane usiku, nitakuamini wewe na sukari ya mezani mfukoni. Lakini akilazwa Ulaanbaatar na kukawa na uamuzi mzito, simu ya kwanza itapigwa kwa mtu anayedhani baba yake anapimwa macho Dar. Utaanza kueleza kutoka wapi?

BintiMonduli
Nimelisoma hilo mara kadhaa tangu jana.

Taarifa nilizonazo mpaka sasa ni hizi. Mwongozaji amekubali kufuta matuta, ingawa fedha ya mafuta ya siku hiyo hairudishi. Usiku wa kwanza ni kambi ya hifadhi, yenye choo cha taa. Usiku wa pili ni kwa familia iliyo mwendo wa nusu saa kwa gari kutoka hapo, na mwenye ger ni mzee wa miaka 68 aliyepoteza karibu kundi lake lote ule msimu wa 2010. Kitanda kina urefu wa sentimeta 45 kutoka sakafuni. Nimempimia mzee kwenye kiti cha urefu huo na ameinuka bila kushikwa. Ndoo wanayo. Daktari tutamwona Jumatatu kuhusu saa za sindano.

Kuhusu kaka zangu, nitamwambia yule mkubwa. Nitamwambia Jumamosi.

Pima_Kwanza
Jumamosi ipi?