Wachambuzi wa kihafidhina wa mambo ya vyuo Marekani: wanaanzia wapi, nani anawalipa, na wanaharibu wapi?

Mtafiti wa Habari aliuliza:

Wakuu, salaam. Naandaa tasnifu ya mawasiliano ya umma kuhusu kundi moja la wanahabari wa Marekani: wachambuzi wa mrengo wa kihafidhina ambao uwanja wao ni vyuo vikuu. Kwenye runinga naona sura tu, ngazi waliyopandia siioni. Mtu anatokaje kwenye gazeti la wanafunzi hadi kituo cha taifa? Habari zenyewe zinapikwaje? Pesa inatoka wapi? Na ni makosa gani yanayowaangusha? Kama wana haki au hawana kisiasa, tuliache kwa leo. Nataka kujua kazi inavyofanyika. Natanguliza shukrani.

---

Kalamu ya Pwani alijibu:

Mkuu, fuatilia taasisi kwanza, majina yatajipanga yenyewe.

Mzee wa fani hii ni William F. Buckley. Aliongoza gazeti la wanafunzi la Yale, akahitimu 1950, na mwaka uliofuata akatoa kitabu *God and Man at Yale* akiwashutumu wahadhiri wa chuo chake kwa kuipa kisogo dini na soko huria. Mwaka 1955 akaanzisha jarida la National Review. Chuo alichosoma ndicho kilichompa mada, na mada ikampa jina. Lakini Buckley alitoka familia yenye mafuta na mali. Kijana asiye na mtaji angelipiaje kiwanda cha uchapaji?

Pengo hilo likazibwa na mashirika. Intercollegiate Studies Institute, maarufu ISI, ilianza 1953, na Buckley ndiye rais wake wa kwanza. Leadership Institute ya Morton Blackwell ilianza 1979, ikifundisha vijana uandishi, kuzungumza mbele ya kamera na kuendesha kampeni. Mwaka 1980 wanafunzi wa chuo cha Dartmouth wakaanzisha Dartmouth Review, gazeti lisilo chini ya chuo. Humo wamepita Dinesh D'Souza na Laura Ingraham, ambao baadaye walikuja kuwa wachambuzi maarufu. Mtandao wa magazeti ya namna hiyo, Collegiate Network, uko chini ya ISI tangu 1995: unatoa ruzuku, unafundisha wahariri, unawatafutia vijana nafasi za mafunzo kwa vitendo katika vyumba vya habari.

Baada ya intaneti kushika kasi, ngazi ikafupika. Leadership Institute ikafungua tovuti ya Campus Reform mwaka 2009, ambapo wanafunzi wanaripoti kutoka vyuo vyao na wahariri wa kulipwa wanasahihisha. The College Fix ya John J. Miller, mkuu wa programu ya uandishi wa habari pale Hillsdale College, inafanya kazi kwa mtindo huohuo. Tazama Lawrence Jones: alikuwa mhariri mkuu wa Campus Reform, akaingia Fox News kama mchangiaji, akapewa kipindi chake cha wikendi mwaka 2022, na Septemba 2023 akawa mtangazaji wa kudumu wa Fox & Friends. Vipindi vya asubuhi vinahitaji mgeni wa dakika 4 mwenye habari iliyokwisha kuthibitishwa na video iliyokwisha kukatwa. Anayeleta vyote viwili kila wiki, baada ya mwaka anakuwa mtu wa nyumbani.

Charlie Kirk alipita njia nyingine kabisa. Hakuwa na shahada. Mwaka 2012, akiwa na miaka 18, aliandika makala kwenye tovuti ya kihafidhina ya Breitbart kuhusu vitabu vya uchumi vya sekondari, akaitwa runingani, na mwaka huohuo akaanzisha Turning Point USA, shirika la kuhamasisha wanafunzi wa kihafidhina, pamoja na Bill Montgomery. Yeye alijenga shirika kwanza, uchambuzi wa redioni ukafuata: kipindi chake cha kila siku na kampuni ya redio ya Salem kilianza 2020. Katika tasnifu yako watenganishe hawa wawili. Jones alipanda kwa uandishi wa habari, Kirk kwa uhamasishaji, na pesa zao zilitoka mifuko tofauti.

---

Mhariri wa Usiku alijibu:

Nachukua swali la upishi wa habari, maana hapo ndipo mtu anapopima kama mbele yake ana mwandishi au mpiga kelele.

Habari ya chuo inaanza na karatasi. Mwanafunzi ametuma picha ya skrini ya barua pepe ya mkuu wa idara. Mzembe anaichapa ilivyo. Anayejua kazi anaomba barua pepe yenyewe aelekezewe, ikiwa na tarehe, saa na anwani ya mtumaji, kwa sababu picha ya skrini hughushiwa ndani ya dakika mbili. Kisha anaenda kwenye silabasi. Texas hili ni rahisi kuliko majimbo mengi: sheria ya 2009 inavilazimu vyuo vya umma kuweka mtandaoni silabasi na wasifu wa mwalimu, kwa njia isiyozidi mibofyo 3 kutoka ukurasa wa mwanzo wa tovuti. Silabasi iwe imewekwa ndani ya siku 7 baada ya masomo kuanza, na isiondolewe kabla ya miaka 2. Fungua ukurasa, pakua faili, na papo hapo hifadhi nakala kwenye kumbukumbu ya mtandao yenye tarehe. Fanya hivyo KABLA ya kupiga simu chuoni. Ukipiga kwanza, ukurasa unaweza kubadilishwa ukiwa bado unasubiri jibu.

Baada ya hapo ni ombi la kumbukumbu za umma. Hili linafanya kazi kwa vyuo vya umma tu. Harvard au Stanford hawawajibiki kukupa kitu. Ombi linalofaulu ni jembamba: "barua pepe kati ya ofisi A na ofisi B, kuanzia tarehe 1 hadi 30 Septemba, zenye neno fulani." Ukiandika "nyaraka zote kuhusu sera ya usawa", utaletewa ankara ya saa za kutafuta na kufuta majina, na habari itachacha. Kila jimbo lina sheria yake. Virginia inajibu ndani ya siku 5 za kazi, ila haki hiyo ni ya wakazi wa jimbo na vyombo vya habari vinavyosomwa au kusikika humo, na Mahakama Kuu ya Marekani iliuhalalisha ukomo huo mwaka 2013. Rekodi za mwanafunzi mmojammoja, kama alama na nidhamu, zimefungwa na sheria ya shirikisho ya 1974 inayoitwa FERPA. Usipoteze muda kuziomba.

Halafu mwandikie mhadhiri mwenyewe. Mpe maswali mahususi, mpe muda unaoeleweka, na taja katika habari saa uliyomwandikia. Kumtumia ujumbe saa 5 usiku na kuchapa alfajiri, kisha ukaandika "hakupatikana", ni udanganyifu.

Makosa yanayojirudia: kitabu kimoja kwenye orodha ya usomaji kinageuzwa kuwa imani ya mwalimu, wakati pengine kimewekwa ili kikosolewe. Kozi ya hiari yenye wanafunzi 12 inaandikwa kana kwamba chuo kizima kinalazimishwa kuisoma. Sentensi inakatwa pale neno "lakini" lilipoanzia. Hoja ya kweli iliyopo, kwamba idara nyingi zina watu wa mrengo mmoja, inazama kwa makosa ya namna hii, na msomaji aliyekamatishwa uongo mara moja haamini tena hata nyaraka halali.

Jingine zito ni usalama wa anayeandikwa. Chama cha maprofesa cha AAUP kiliwahoji walioandikwa na Campus Reform mwaka 2020. Katika ripoti yake ya 2021, asilimia 40 ya waliojibu walisema walipokea vitisho vya kudhuriwa. Kwa hiyo namba ya simu, picha ya nyumba na barua pepe binafsi ya mhadhiri havina nafasi kwenye habari. Vivyo hivyo kwa wanafunzi. Mwaka 1984 Dartmouth Review, Ingraham akiwa mhariri, ilimtuma mwandishi kurekodi kwa siri mkutano wa wanafunzi mashoga na ikachapisha yaliyosemwa. Mwaka 1997 Ingraham aliandika hadharani kujutia alivyowatendea. Miaka 13 ni mirefu kubeba habari ambayo haikuhitajika.

---

Mtafiti wa Habari:

Mhariri, hii ni zaidi ya nilichotarajia, asante sana. Bado zile video za maiki mtaani: zina uzito wowote kama ushahidi? Pia, mwanafunzi wa Afrika Mashariki mwenye viza ya F-1 anaweza kuandikia tovuti hizi?

---

Fundi wa Sauti alijibu:

Kama ushahidi wa wangapi wanafikiri nini, hazina. Kama kielelezo cha jinsi watu wanavyojibu swali, zinaweza kuwa nao, kutegemea zilivyopigwa.

Mfano unaojulikana: Januari 2018 Cabot Phillips wa Campus Reform alikwenda New York University akawauliza wanafunzi maoni yao juu ya hotuba ya Rais Trump ya hali ya taifa, ambayo ilikuwa bado haijatolewa. Baadhi wakaeleza walivyochukizwa nayo. Jambo ambalo klipu inathibitisha ni kwamba waliooneshwa walikuwa tayari kuhukumu kitu wasichokiona. Haithibitishi ni wanafunzi wangapi wa NYU wako hivyo, kwa kuwa mtazamaji hawaoni waliosema "sijaisikia". Ukichambua klipu yoyote ya namna hii, tafuta kitu kimoja: je, imetajwa idadi ya wote walioulizwa? Isipotajwa, unachotazama ni chaguo la mhariri.

Upande wa ufundi, kamera 2: moja usoni kwa anayejibu, ya pili pana inayoonesha wote wawili, ili ukikata sentensi uwe na pa kuhamia bila picha kuruka. Maiki ya kushika ya dainamiki, si ile ya kubana shatini, kwa sababu inakataa kelele za mbali. Ishike upana wa kiganja kutoka mdomoni, na ivae sponji ya upepo. Maiki isitoke mkononi mwako. Ukimpa anayehojiwa umempa usukani, na sauti itapanda na kushuka. Jua liwe upande, lisiwe nyuma ya mtu. Swali liwe na maneno yaleyale kwa kila mmoja. Ukilibadilisha katikati ya siku huwezi tena kuunganisha majibu. Ridhaa ipatikane mbele ya kamera: jina la kwanza, mwaka wa masomo, na kauli kwamba anajua anarekodiwa na kwa ajili ya nani. Klipu ghafi zitunzwe zote. Siku mtu akilalamika kwamba ulimkata vibaya, faili hizo ndizo utetezi wako pekee.

---

Wakili wa Mtaa alijibu:

Sheria na pesa, kwa kifupi kadiri niwezavyo.

Kurekodi: Texas inatosha mshiriki mmoja wa mazungumzo kukubali. California mazungumzo ya faragha yanahitaji ridhaa ya wote. Uwanja wa wazi wa chuo cha umma hauna faragha hiyo, darasani ni habari nyingine, na kanuni za chuo zinaweza kumwadhibu mwanafunzi hata pale sheria ya jimbo ilipomruhusu.

Kongamano: Marekebisho ya Kwanza ya Katiba, yanayolinda uhuru wa kusema, yanavibana vyuo vya umma, chuo binafsi kinafungwa na ahadi zake chenyewe. Utata mkubwa uko kwenye ada ya ulinzi. Katika kesi ya Forsyth County ya 1992, Mahakama Kuu ilikataa serikali kupandisha ada kwa sababu inahofia wasikilizaji watakasirika. Mwaka 2017 ulinzi wa hotuba ya mchambuzi wa kihafidhina Ben Shapiro pale Berkeley, chuo cha umma cha California, uligharimu takriban dola 600,000, sehemu kubwa ikabebwa na chuo. Young America's Foundation, shirika la vijana wa kihafidhina, na klabu ya wanafunzi wa Republican, waliokuwa wameshaishtaki Berkeley juu ya masharti yake kwa wazungumzaji, walimaliza kesi Desemba 2018 kwa makubaliano ya dola 70,000 na mabadiliko ya kanuni. Klabu ikialika mzungumzaji, iombe kwa maandishi jedwali la ada linalotumika kwa klabu zote, kabla ya kusaini mkataba.

Tangu 10 Septemba 2025 ulinzi unahesabiwa upya. Kirk alipigwa risasi akiwa chini ya hema lake la kujibu maswali, uwanja wa wazi wa Utah Valley University mjini Orem, risasi ikitoka juu ya paa umbali wa mita kama 130. Walinzi waliomzunguka karibu hawakuweza kuzuia hatari ya juu na mbali. Sasa swali la kwanza la mwandaaji ni paa na madirisha yanayouona uwanja, na nani ana funguo zake. La pili ni kama ukumbi wa ndani unapatikana.

Nani analipa: mengi ya mashirika haya ni ya hisani yasiyolipa kodi, hivyo Fomu 990 zao, yaani taarifa za kila mwaka kwa mamlaka ya kodi, ziko wazi. Humo utaona mapato, na mishahara ya viongozi. Majina ya wafadhili hayaoneshwi kwa umma. Shirika la aina hiyo haliruhusiwi kumpigia mgombea kampeni, ndiyo maana Turning Point ina tawi tofauti la siasa, Turning Point Action. Kuhusu magazeti ya wanafunzi, soma kesi ya Rosenberger ya 1995: chuo cha umma kikigharimia machapisho ya wanafunzi, hakiwezi kulinyima moja kwa sababu ya mtazamo wake.

F-1: kazi ya malipo ndani ya kampasi, mwisho saa 20 kwa wiki muhula ukiendelea. Malipo ya makala kutoka tovuti ya nje ni ajira ya nje ya kampasi, hata yakiitwa posho, na yanahitaji kibali kupitia ofisi ya wanafunzi wa kimataifa kabla ya makala ya kwanza. Gazeti la chuo chenyewe ndiko pa kuanzia salama. Aende ofisi hiyo na barua ya mhariri inayotaja saa na malipo, asubiri jibu la maandishi, ndipo aandike.