Natafuta mchumba: nilikaa na mtu siye, nimwelezeje mwenyewe?

FundiMoro: Habari zenu wapendwa. Mimi ni fundi cherehani wa Morogoro, mjane, miaka 36, mtoto mmoja. Nilitoa tangazo natafuta mchumba, mchapakazi, asiwe mlevi. Walijitokeza kumi na mmoja. Wanne waliomba picha hata salamu hawajatoa, mwingine akauliza nina cherehani ngapi. Ila mmoja wa Kibaha aliandika kiungwana, tukaongea kila usiku wiki sita. Nimempenda.

Tukapanga kuonana Jumamosi stendi ya Msamvu. Akasema atavaa shati la njano nimtambue. Sisi wote si watu wa mpira, hatukujua kama siku hiyo Yanga wanacheza Dar. Nafika saa mbili asubuhi, stendi nzima njano na kijani, vuvuzela kila kona! Simu nayo ikazima chaji. Nikamwona kaka mmoja ametulia peke yake, anatazama saa. Nikamuuliza, "Wewe ndiye wa Kibaha?" Akajibu, "Ndiye, karibu dada."

Nikamwagizia chai na chapati mbili. Nikamweleza habari za marehemu mume wangu, mpaka ada ya mwanangu. Akanipa pole. Mara konda akaita, kaka akainuka: "Asante kwa chai dada, niwahi mechi." Wa Kibaha kweli, lakini siye.

Jioni nawasha simu, nakuta ujumbe: "Nimekuona na mwenzio, nawatakia heri." Tangu hapo hajibu. Nifanyeje?

Mzee wa Korogwe: Pole binti yangu. Enzi zetu tulitafutana kwa S.L.P. na picha ya pasipoti. Barua yangu niliituma kwa anwani ya shule aliyofundisha mchumba wangu, ikafunguliwa na mwalimu mkuu. Nilipanda basi nikaenda kujieleza mwenyewe. Usiandike tena, asikie sauti yako.

Shangazi Tandale: Mdogo wangu, mpigie. Lakini muulize pia: kutoka Kibaha yote hiyo, ameshindwa kusogea mezani akasalimia? Mkionana tena iwe hapo hapo stendi, mchana, na chaji umejaza.

FundiMoro: Shikamoo mzee, shikamoo shangazi. Nimepiga kwa simu ya jirani, kapokea. Swali la shangazi nimemuuliza. Kanyamaza kidogo, akasema aliona ninafuta machozi, akaona vibaya kuingilia. Anakuja Jumapili. Namshonea shati la kitenge cha bluu. Kajipima mabega kwa kamba ya katani, kapiga fundo, kanitumia picha kaiweka juu ya rula.