Tupeane uzoefu: neno "fresh" liliwahi kukutia aibu wapi?

Kijana wa Chikongola (mwanzisha uzi)
Wakuu wa Mtwara na Lindi, habari za jioni. Naanza na yangu ili msione haya kuleta zenu.

Mwaka juzi niliitwa usaili kwenye kampuni moja hapa mjini, mambo ya gesi. Nimechomekea, viatu vinang'aa, vyeti kwenye bahasha ya kaki. Ndani nikamkuta mama mmoja wa Kizungu na wenzetu wawili. Mama akauliza, "How are you?" Mimi kwa kujiamini kabisa: "I am fresh!" Akanitazama, akatabasamu, akauliza tena: "Fresh from where?"

Nikajibu, "From Chikongola, madam."

Wale wenzetu wawili wakainamia makaratasi yao, mabega yakawa yanacheza.

Nimekuja kuelewa baadaye. Sisi tukijibu "freshi" tunamaanisha mambo safi, hamna neno. Kwao ukisema "I am fresh" halafu ukanyamaza, anangoja umalizie: umetoka wapi? Maana "fresh from college" ni mtu aliyemaliza chuo juzi tu. La sivyo ataelewa hujachoka, umelala ukashiba usingizi. Salamu yao ni "I'm fine" au "I'm good", imeisha hiyo.

Haya, nani anafuata? Ni neno hilo hilo tu. Msilete "hot" na "cool", hizo zitatukesheza.

Mama Vibua
Mwanangu umenichekesha na ndoo yangu kichwani. Mimi samaki nauza mwaka wa kumi na tano huu. Siku moja nikamwambia mwanangu wa kidato cha pili aniandikie kibao cha Kiingereza, wageni wa pwani waone. Akafungua kamusi, akatafuta "mbichi", akaandika RAW FISH HERE kwa rangi nyekundu. Wakaja wageni wawili, wakavuta kiti, wakakaa. Wanangoja. Nawauliza kwa mikono niwapimie kilo ngapi, wao wananiuliza sahani ziko wapi! Kumbe kibao kimewaambia hapa samaki analiwa hivyo hivyo bila kupita motoni.

La pili ndilo liliniuma zaidi. Mpishi wa nyumba moja ya wageni aliniuliza, "Fresh or frozen?" Jodari wangu alikuwa amelala kwenye barafu tangu alfajiri. Mimi sipendi kumdanganya mteja, nikajibu "frozen". Akashukuru, akaondoka. Baadaye ndio naambiwa: barafu ya kumpoza haimtoi samaki kwenye "fresh". "Frozen" ni yule aliyegandishwa akawa jiwe, ukimgonga mezani analia ko! Jodari mzima huyo nilimkosesha soko kwa mdomo wangu mwenyewe.

Msela wa Ligula
Hahaha, mama ukweli umekuponza.

Mwalimu mstaafu, Masasi
Watoto wangu, ugomvi wetu na neno hili hauanzii kwenye Kiingereza, unaanzia kwenye "bichi" yetu. Ndizi haijaiva, mbichi. Nyama haijapikwa, mbichi. Kanga haijakauka kambani, mbichi. Kuni zinatoa povu jikoni, mbichi. Samaki si ng'onda, ametoka majini leo, mbichi. Sisi tuna neno moja, tunalielewa kwa kuangalia kinachosemwa. Mwingereza amelikatakata: ndizi ni "unripe" au "green", nyama ni "raw", kanga ni "wet", kuni ni "green" tena, samaki wa Mama Vibua ni "fresh". Kwa hiyo yule kijana wa kidato cha pili msimpige, kamusi haikumdanganya. Ilimpa "bichi" isiyo yake.

Darasani nilikuwa nawaambia wanafunzi: usiulize "fresh" maana yake nini, uliza kinyume chake hapo ni kipi. Mkate "fresh", kinyume ni uliolala, wao husema "stale". Hewa "fresh", kinyume ni ile nzito ya chumba kilichofungwa madirisha. Shati "fresh", kinyume ni lililokwisha kuvaliwa. Mboga "fresh", kinyume ni za kopo au za friza. Kinyume kikibadilika, na maana imebadilika. Nilifundisha miaka mingi na bado kuna siku lilinipiga chenga.

Boda wa Mikindani
Shikamoo mwalimu. Hicho kinyume ndicho kilichonikuta. Nilikuwa nazungusha mgeni, tumeanzia lile Boma la Wajerumani la 1895, namwonyesha mji ambao Livingstone alipitia mwaka 1866 kwenda bara, yaani najiona mwongozaji kamili. Tukafika kisimani kwa jamaa yangu. Akauliza, "Is it fresh water?" Nikatia mkono ndooni, maji ya baridi, nikamwambia "Yes, very fresh!" Akapiga funda zima. Sura yake, wakuu, sitaisahau. Kisima chenyewe kiko karibu na bahari na maji yake ni magadi, sisi tunafulia tu.

Mwalimu mstaafu, Masasi
Marahaba. "Fresh water" ni maji matamu, yasiyo na chumvi, hata yakiwa ya moto kwenye sufuria. Ya baridi ni "cold water". Ndiyo maana samaki wa Ziwa Nyasa anaitwa "freshwater fish" hata akiwa ameoza.

Baharia mstaafu, Shangani
Hapo kwenye baridi na mimi nina langu, na lilikuwa karibu kunizamisha. Miaka hiyo nilikuwa nasaidia kwenye boti ya matanga ya mgeni mmoja, mwezi wa saba, kusi limeshika. Jioni akaniambia, "It will be fresh tomorrow." Nikasema alhamdulillahi, kesho bahari freshi. Asubuhi nimekuja na fulana, sikujifunga hata koti la mvua, na chai nimekunywa nusu chupa.

Kumbe kwa mabaharia "fresh breeze" ni upepo wa ngazi ya 5 kwenye kipimo cha Beaufort, noti 17 hadi 21 (noti ni maili moja ya baharini kwa saa), mawimbi yamevaa vilemba vyeupe kila upande. Chai yote niliirudisha baharini. Na hata Mwingereza wa nchi kavu akisema "it's a bit fresh today" ujue analalamika baridi, hasifii. Tangu hapo nikisikia neno hilo nje ya nyumba nachukua sweta.

Dada wa Rahaleo
Mimi nilifanya kazi za ndani kwa familia ya Wamarekani. Mtoto wao wa miaka tisa akamjibu mama yake jeuri, mama akamwambia, "Don't get fresh with me!" Nikadhani wanataniana. Nikadakia, "Yes, he is very fresh boy!" huku namshika kichwa. Mama alinyamaza siku nzima. Kumbe hapo maana yake ni kukosa adabu, kujibu wakubwa. Na mwanamume akimfanyia hivyo mwanamke, ni kumletea mazoea ya mikono. Dada zangu wa hotelini, hiyo ishikeni.

Korosho Tandahimba
Msimu mmoja nilikuwa kibarua ghalani, natoa sampuli. Mnunuzi kutoka India akashika korosho, akauliza, "Fresh?" Nikamjibu kwa haraka, "No sir! Dry! Very dry!" maana tulizianika juani siku kadhaa na nilitaka asifie. Akairudisha mkononi mwangu. Yeye alikuwa anauliza kama ni za msimu huu au zimelala tangu mwaka jana. Halafu korosho hizo hizo kavu, za maganda, kwenye makaratasi yao zinaitwa "raw". Nimekata tamaa na hii lugha.

Msela wa Ligula
Mwalimu, sasa simu mpya ni "fresh phone"?

Mwalimu mstaafu, Masasi
Hapana, ni "new phone". Simu haichachi. Lakini chai ya kwanza ikipoa ukaletewa nyingine, hiyo ni "a fresh cup of tea", nyingine badala ya ile. Na mkate uliotoka jikoni sasa hivi, "freshly baked", hiyo "ly" usiiache.

Msela wa Ligula
Na mkuu wa Chikongola, kazi ulipata?

Kijana wa Chikongola
Sikupata. Ila nikikutana na mmoja wa wale wawili sokoni ananiuliza, "Fresh from where?"

Mtoto wa Lindi
Umesema mkate, mwalimu, nimemkumbuka kaka yangu. Alienda Marekani kusoma, wiki ya kwanza kaingia duka la mikate. Muuzaji akamwambia, "Sorry, we're fresh out of bread." Kaka akasikia "fresh", akasikia "out", akasikia "bread", akajua mkate ndio unatoka kwenye joko. Akavuta kiti. Kumbe anaambiwa umeisha wote, sasa hivi tu. Alikaa pale mpaka wanafunga duka.