Mada: [Minnesota] Mbunge wa jimbo na mkuu wa koleji: nani aendewe kwa lipi?

Kutoka: Katibu wa kikundi, Brooklyn Park

Shikamooni wakubwa, na wengine habari zenu. Tangu Huldah Momanyi-Hiltsley, mzaliwa wa Kenya, achaguliwe Novemba 2024 kuingia Baraza la Wawakilishi la Minnesota kwa eneo la 38A, swali limekuwa lilelile: mtoto akikwama ada ya koleji, tumwandikie mbunge au mkuu wa chuo? Wanaofahamu watuelekeze.

Jibu: Mdau, St. Paul

Katibu, kwanza tuondoe dhana moja. Mbunge wa jimbo hapa (jimbo kwa maana ya state, si jimbo la uchaguzi) hana fungu la basari. Hakuna kitu kama CDF ya Kenya wala Mfuko wa Jimbo wa Tanzania. Ukimwomba alipe muhula, utajibiwa kwa adabu na muda wako umeshapotea. Alicho nacho ni kura, uwezo wa kurekebisha muswada, na simu yake kwa idara za jimbo.

Simu hiyo ndiyo watu wetu hawaitumii. Leseni ya udereva iliyokwama, ruzuku ya malezi ya watoto isiyojibiwa, leseni ya uuguzi inayosuasua: yote hayo yako jimboni, na msaidizi wa mbunge anajua nani wa kumuuliza. Tuma barua pepe fupi yenye anwani yako kamili (bila hiyo hawajui kama wewe ni wa eneo lao), namba ya jalada, tarehe uliyoomba, na jibu la mwisho ulilopata. Usiweke namba ya Social Security. Grini kadi, viza ya mzazi na uraia ni mambo ya serikali kuu ya Marekani. Hayo peleka ofisi ya mbunge wa Congress (bunge la taifa), nako utasaini fomu ya kuwaruhusu kuulizia habari zako. Hapa ndipo wengi hukosea mlango.

Halafu, mazoea ya kumsubiri mheshimiwa nyumbani kwake alfajiri tuyaache kabisa. Juni 14, 2025, Spika wa zamani wa Baraza la Wawakilishi la Minnesota, Melissa Hortman, na mumewe Mark waliuawa ndani ya nyumba yao huko Brooklyn Park. Anayebisha hodi bila miadi anaitia hofu familia nzima. Omba miadi ofisini.

Jibu: Mdau wa mambo ya vyuo, Brooklyn Center

Naongezea upande wa koleji. Koleji ya North Hennepin, iliyoko Brooklyn Park, ni moja ya taasisi 33 za Minnesota State, mfumo wa vyuo vya umma vya jimbo: koleji 26 na vyuo vikuu 7. Mkuu wa chuo hapangi ada. Ada hupitishwa na bodi ya wadhamini 15 wanaoteuliwa na gavana, na bodi hiyohiyo ndiyo humteua mkuu. Kazi yake kubwa ni kusawazisha bajeti inayotegemea ruzuku ya jimbo na ada za wanafunzi. Ndiyo maana darasa lenye watu wachache hufutwa kabla muhula haujaanza, jiandikisheni mapema.

Kwa ada, mlango ni North Star Promise, mpango wa jimbo wa kulipia ada, iliyopitishwa 2023 na kuanza vuli 2024. Masharti: mapato ya familia (yale yaliyoandikwa AGI kwenye ritani ya kodi) yawe chini ya dola 80,000, uwe mkazi wa Minnesota, na usiwe na digrii ya kwanza. Kikomo ni krediti 60 kwa cheti au shahada ya miaka miwili, 120 kwa digrii. Hulipa ada inayobaki baada ya misaada mingine kama Pell, ruzuku ya serikali kuu kwa wanafunzi wenye kipato cha chini. Nauli na chakula havimo. Inaombwa kwa kujaza FAFSA, fomu ya serikali kuu ya kuomba msaada wa masomo. Barua ya mheshimiwa yeyote haiongezi kitu.

Inakwama wapi? Mara nyingi ni idhini ya kuruhusu IRS (mamlaka ya kodi ya Marekani) itoe taarifa zako za kodi. Kila mchangiaji kwenye FAFSA, yaani mwanafunzi na mzazi, wakati mwingine wazazi wote wawili, lazima awe na akaunti yake mwenyewe na atoe idhini. Mmoja akigoma, msaada wa serikali kuu haupatikani. Mzazi asiye na namba ya Social Security naye anaweza kufungua akaunti. Pili, ukazi: kwa kawaida ni miezi 12 mfululizo ya kuishi hapa kwa sababu isiyokuwa masomo. Mkimbizi aliyefikia Minnesota moja kwa moja, kama ndugu zetu wengi wa Kongo, ana kifungu chake cha sheria kinachomwondolea kungoja huko. Akiambiwa asubiri mwaka, aombe maelezo hayo kwa maandishi. Tatu, mwenye digrii ya nyumbani asiifiche, kwa sababu hata Pell huihesabu digrii ya nje.

Mkuu wa chuo mwachieni yaliyo mikononi mwake. Malalamiko ya alama huanza kwa mwalimu, yakapanda kwa mkuu wa kitivo, kisha makamu. Ukiruka ngazi utarudishwa chini. Lakini kama wasaidizi wa wauguzi wanaofanya shifti za mchana wanahitaji anatomia ya jioni, mpelekeeni orodha ya majina na saa wanazoweza. Orodha ya walio tayari kujiandikisha ina nguvu kuliko ombi la jumla.

Jibu: Mdau, St. Paul

Na majira. Mwaka witiri bunge hupanga bajeti ya miaka miwili. Mwaka shufwa huangalia zaidi mikopo ya majengo ya umma, ambayo inataka asilimia 60 ya kura. Kikao hakivuki Jumatatu inayofuata Jumamosi ya tatu ya Mei, labda gavana aitishe kikao maalumu kama Juni 2025. Kusema mbele ya kamati, mwandikie karani wake mapema na uambatishe maelezo ya ukurasa mmoja. Jiandae kwa dakika mbili. Kabla ya mwaka wa majengo, kamati huzunguka kwenye vyuo kukagua paa na maabara. Siku hiyo wabunge na mkuu wa chuo wako pamoja, na kikundi kikiomba kualikwa, kiombe siku hiyo.

Jibu: Mdau, Dallas

Walioko Texas wasiyachukue haya yote. Huku bunge hukaa siku 140 tu kila mwaka witiri, kwa mshahara wa dola 7,200 kwa mwaka, hivyo wabunge wengi wana kazi nyingine. Wakati usio wa kikao watafuteni ofisi zao za wilayani. Koleji za jamii zina bodi zinazochaguliwa na wakazi na hutoza kodi ya majengo, kwa hiyo anayeishi nje ya wilaya ya koleji hulipa ada kubwa zaidi. Kabla ya kusaini mkataba wa nyumba, angalia anwani iko wilaya ipi.