Ua la njiani Shimo la Mungu, Newala: mtoto kachimba mzizi wake akidhani ni ming'oko

BintiKitangari
Habari za saa hizi ndugu zangu, hasa wa kusini, naomba msaada. Mwezi wa pili nlikuja Newala kumsalimia mama, tukatembea mpaka Shimo la Mungu, sasa ile njia ya kushukia bondeni upande wa Ruvuma, pembeni kwenye vichaka nikaona ua zuri ajabu nikalipiga picha. Lina petali sita zimejikunja kurudi nyuma kama moto unaowaka, chini njano juu nyekundu, kingo zake mawimbi mawimbi, mmea wenyewe mwembamba unapanda kwenye vichaka vya wenzie.

Mwezi huu wa saba nimerudi tena. Juzi mtoto wa dada yangu, ana miaka kumi, kaenda na wenzie kuchimba ming'oko, vile viazi vya porini tunavyokula huku, karudi na furushi lake kafurahi kweli, mama akaanza kuosha, afu akasimama. Akatoa viwili akaweka pembeni akasema hivi sivyo, humu haviingii. Vilikuwa vinene kuliko vingine na vimepinda. Dogo kumuuliza anasema kavichimba palepale tulipolikuta lile ua, maana siku ile tulikuwa nae. Mama jina hana, anasema tu wakubwa walimkataza toka yuko mdogo.

Naomba kujua ni mmea gani na kama ni sumu kweli. Na kubwa zaidi, mtu anautofautishaje na ming'oko kiangazi hiki ambacho maua hakuna na majani yote yamekauka? Mama ana macho yake, ila mimi na dada zangu hatuna, na watoto ndo hao wanaenda porini kila siku.

MsituRondo
Dada pole, na mama mpe shikamoo yangu. Kabla sijasema kitu naomba uifungue tena hiyo picha uangalie ncha za majani, zimenyooka zikaishia au zimejikunja?

BintiKitangari
Zimejikunja kama mkia wa kinyonga. Moja imeshika kijiti kabisa.

MsituRondo
Basi hiyo ni Gloriosa superba, hakuna mmea mwingine huko kwetu wenye ua la hivyo na majani ya hivyo kwa pamoja. Angalia na kitu kingine kwenye picha, katikati ya ua kuna kijiti kimoja kimekatisha kona kwenda pembeni badala ya kusimama wima, nacho ni alama yake. Ua likiwa changa ni kijani na njano, likikua ndo linaiva wekundu. Unaota mwenyewe sehemu nyingi za Afrika mpaka huko India, Zimbabwe wamelifanya ua la taifa lao, na India jimbo la Tamil Nadu wakulima wanaulima kabisa wauze mbegu zikatengenezewe dawa.

Ni sumu, tena mmea mzima, kiazi na mbegu ndo zaidi. Sumu yenyewe inaitwa kolchisini. Hiyohiyo kwa kipimo kidogo sana ndo dawa ya gauti, ule ugonjwa wa viungo kuvimba na kuuma, lakini kiazi cha porini hakina kipimo. Na naomba watu wa kusini mnisikie hapa maana sisi tumezoea kwamba kitu kichungu ukikichemsha sana kinakubali: hii kuchemsha hakuiondoi, kukausha juani nako hakuiondoi.

Sasa swali lako la kiangazi, ambalo ndo swali lenyewe. Usiangalie kiazi kwanza, angalia kamba kavu iliyobaki juu. Mng'oko ni jamii ya viazi vikuu, shina lake lenyewe ndo linajizungusha kwenye mti, kwahiyo hata likikauka unalikuta bado limejisokota kama uzi kwenye kijiti. Gloriosa shina lake halijizungushi, linapanda kwa kushika na zile ncha za majani, likikauka majani yanakatika na shina linabaki limeegemea tu au limelala chini. Halafu tafuta matunda makavu. Ya jamii ya viazi vikuu yana mabawa matatu membamba kama karatasi. Ya gloriosa ni kifuko kirefu kinapasuka pande tatu, ndani mbegu nyekundu za kung'aa, na hizo watoto wanazipenda kuchezea kwahiyo mkiziona zifukieni mbali.

MzeeWaKorosho
Kijana wa Rondo kaeleza vizuri, mimi naongeza la wachimbaji. Mng'oko ukiuchimba unakuta vingi vyembamba vyembamba vimekaa pamoja kwenye shina moja, kama vidole. Hicho kingine kinakuja kimoja kinene kimepinda kama kiwiko, kama herufi V au L, ncha zake zimechongoka. Ukikutana na kiwiko rudishia udongo.

Lakini bibi zetu hawakuwa wanasubiri kiazi kiwaambie. Masika wakati kila kitu kina majani walikuwa wanapita wanaangalia wapi kuna ming'oko, wanaweka alama, kiangazi wanarudi palepale. Siku hizi watoto wanaingia msituni kiangazi bila kujua masika palikuwa na nini, wanafukua popote panapoonekana kamba. Binti, mwakani masika mama akiwa na nguvu aende na wajukuu hata mara moja tu awaonyeshe majani yakiwa mabichi.

Na ndiga nayo msiisahau, kile kiazi kikuu kingine cha porini. Ile ina majani matatu matatu kwenye kikonyo kimoja, nayo ina sumu, wazee waliila miaka ya njaa kwa kuikata vipande na kuiloweka siku kadhaa wakibadili maji. Sasa asije mtu akachukua habari ya ndiga akaipeleka kwenye hicho kiwiko. Hakilowekwi, kinaachwa.

NesiMama
Naomba niingie kwa upande wangu. Mtu akila hicho kiazi hasikii kitu hapohapo. Yanaweza kupita masaa mawili mpaka kumi na mbili ndo anaanza kutapika, tumbo kukata, kuharisha sana, watu wanadhani kipindupindu au chakula kilichacha wanampa uji wanangoja asubuhi. Anaweza hata kuonekana kapata nafuu, na huku ndani figo, moyo na damu vinaharibika, anafariki siku chache baadae. Wanaopona wengine nywele zinanyonyoka baada ya wiki moja au mbili.

Dawa ya kuiua hiyo sumu moja kwa moja hakuna, kinachookoa ni kuwahi hospitali aongezewe maji na kuangaliwa. Kwahiyo msisubiri atapike, ukijua tu kala, nendeni. Bebeni na kipande cha kiazi au picha ya ua, na semeni kwa sauti kwamba kala mzizi wa porini. Mimi niliwahi kupokea mtoto aliyekula mizizi ya porini na aliyemleta hakusema chochote kuhusu mizizi kwa aibu, anasema homa tu, tukapoteza masaa mengi ambayo mpaka leo nayakumbuka.

KijanaWaMasasi
Samahani naingilia kidogo mkuu wa Rondo, huku kwetu juu ya majabali kuna mmea mashina yake meusi kama yameungua moto, kiangazi umekauka kabisa unasema umekufa, mvua ya kwanza ikipiga siku chache tu kijani tupu na maua ya zambarau. Nao ni hatari?

MsituRondo
Huo kwa maelezo hayo ni Xerophyta, haujafa, unaacha majani yapoteze karibu maji yote halafu yanafufuka yaleyale. Hauna kiazi cha kuchimba kwahiyo kwa habari hii ya leo usiwe na hofu nao, ila usiung'oe, unakua taratibu mno. Piga picha ya jani, ua, shina na jabali lenyewe, weka iNaturalist, ile programu ya kutambulishana mimea na wanyama, na mahali ulipo, kuna watu wanaojua watakuthibitishia. Ila jamani programu za simu ni za mmea wenye ua na majani, kiazi kilichooshwa kipo kwenye ungo msikipige picha mkaiuliza simu kama kinalika.

BintiKitangari
Asanteni sana wote, mzee wa korosho shikamoo. Nimerudi leo asubuhi na dogo palepale njiani, kweli kamba imelala chini haijajisokota popote, na tumekuta kifuko kimoja kimepasuka kina mbegu nyekundu tatu. Hatua kama nne mbele kuna mng'oko, umejizungusha kwenye mti vilevile ulivyosema. Yaani hatua nne tu. Picha ya ua nimemwonyesha mama kwenye simu, kaniambia nikaisafishe niitundike jikoni.